Kutoka Rutuba hadi Virutubishi: Historia Fupi ya Msamiati wa Chakula cha Mimea

Kilimo ndicho kazi ya wananchi walio wengi, na kwa sababu hiyo mtu angedhani kwamba msamiati wake umetengenezwa mapema na kwa uangalifu kuliko msamiati wa fani nyingine yoyote. Sivyo ilivyo. Msamiati wa sheria na wa utawala ulikaliwa na kamati, ukajadiliwa na kusanifishwa. Msamiati wa shamba, hasa ule unaohusu chakula cha mimea, uliachwa kwa sehemu kubwa ukue wenyewe. Baadhi ya maneno yametoka kwa wakulima, baadhi kwa mabwana shamba, baadhi yamesomwa juu ya magunia ya mbolea, na mengine yametoka vinywani mwa wauza duka. Katika makala haya tunakusudia kuifuata historia ya maneno machache tu, yaani rutuba, mbolea na virutubishi, na kuonyesha jinsi uzembe katika kulitafsiri neno moja la kitaalamu unavyoweza kumpotezea mkulima mavuno yake. Tutaanzia Samunge, kwa sababu ambayo itaonekana punde.

Samunge ni kijiji cha Watemi, ambao katika vitabu vya zamani huitwa Wasonjo, katika Wilaya ya Ngorongoro, upande wa magharibi wa Ziwa Natron. Wasomaji wengi walilisikia jina hilo kwa mara ya kwanza mwaka 2011, wakati watu maelfu kwa maelfu walipomiminika huko kunywa kikombe cha dawa cha mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapile. Sisi hatuna neno juu ya kikombe hicho. Kinachotuvuta Samunge ni maji ya namna nyingine, nayo ni yale ya mifereji.

Watemi ni wakulima wa kumwagilia. Vijiji vyao vimekaa jirani na chemchemi na vijito, na maji hayo hupelekwa mashambani kwa mifereji na kugawanywa kwa zamu. Robert F. Gray, mwanaanthropolojia aliyefanya utafiti miongoni mwao katika miaka ya 1950 na kuchapisha kitabu chake mwaka 1963, alieleza kwamba mamlaka ya kugawa maji yalikuwa mikononi mwa baraza la wazee waitwao wenamiji. Kwa sikio la mzungumzaji wa Kiswahili jina hilo li karibu sana na "wenye miji", na hata kama mtu hajui lolote juu ya Kitemi, ambayo ni lugha ya Kibantu kama Kiswahili, atafahamu mara moja kwamba hapa anatajwa mtu mwenye kauli. Aliyeshika maji alishika mji. Katika nchi kavu kama ile, shamba zuri ni shamba linalofikiwa na mfereji, na shamba baya ni lile ambalo mfereji haulifikii. Udongo wenyewe huja nyuma ya maji.

Sasa tulitazame neno rutuba. Asili yake ni Kiarabu, na katika Kiarabu maana yake si ustawi wa ardhi hata kidogo. Maana yake ni unyevu. Waswahili walilipokea likiwa na maana hiyo hiyo, na kamusi sanifu ya Frederick Johnson iliyochapishwa mwaka 1939 bado inalieleza kwa unyevu na hali ya majimaji, na kitenzi chake, kurutubisha, kwa kutia unyevu. Ni katika karne hii ya ishirini iliyopita tu ndipo maana ya unyevu ilipofifia na maana ya ardhi inayostawisha mimea ikachukua nafasi ya kwanza, hata leo mwanafunzi ukimwambia kwamba rutuba ni maji atakucheka. Wala badiliko hilo si la ajabu. Mkulima wa pwani, kama mkulima wa Samunge, aliona kwa macho yake kwamba ardhi yenye majimaji ndiyo ardhi inayozaa, na neno la sababu likageuka kuwa neno la tokeo. Lugha nyingi hufanya hivyo.

Tena, maana ile ya kale haikuwa mbali na ukweli kama inavyodhaniwa. Mmea hauli udongo. Mizizi huchukua chakula chake baada ya kuyeyuka katika maji yaliyomo udongoni, na udongo uliojaa kila aina ya madini lakini umekauka kabisa hauwezi kuulisha mmea. Hivyo kirutubishi, neno ambalo kwa asili yake ya Kiarabu lingekuwa na maana ya "kitu kinacholowesha", halimdanganyi mtu.

Kusini ya nchi ya Watemi, chini ya ukuta wa Bonde la Ufa, yapo magofu ya Engaruka, ambayo hueleza jambo hilo hilo kwa mawe. Mtaalamu wa Kijerumani Hans Reck aliyaona mwaka 1913, Louis Leakey akayachunguza mwaka 1935, na Hamo Sassoon akayarudia katika miaka ya 1960. Wamekuta vijiji vilivyojengwa kwa matuta ya mawe, mifereji mirefu, na mashamba yaliyogawanywa kwa kuta fupi, yakienea katika eneo la hekta 2,000 hivi. Watu waliishi hapo na kulima tangu karne ya 15 au karibu yake hadi karne ya 18, kisha wakaondoka. Mwanahistoria John Sutton amedokeza kwamba ng'ombe wao walifungwa mazizini na samadi yao kupelekwa shambani. Uchunguzi wa Daryl Stump, uliochapishwa mwaka 2006, umeonyesha jambo jingine la kutufaa zaidi: baadhi ya mashamba ya Engaruka yalijengwa kwa kuyazuia maji yenye tope, ili tope lituame nyuma ya mawe na kufanya udongo mpya. Mfereji, basi, haukuleta maji peke yake. Uliteremsha mlima kidogo kidogo na kuutandaza shambani. Unyevu na chakula cha mmea vilifika katika mkondo mmoja, na mtu wa Engaruka asingekuwa na haja ya maneno mawili.

Neno mbolea lina ukoo mwingine. Katika lugha nyingi za Kibantu mzizi wa kuoza ni -bol- au -bor-: Wanyarwanda husema kubora, Wakongo husema kubola, na kuoza kwetu sisi kumetoka katika shina lile lile, ingawa sauti zimebadilika hata ndugu hawatambuani. Twaona kwamba mbolea ni mtoto wa shina hilo, yaani kitu kilichooza. Kando yake limekaa neno samadi, la Kiarabu, ambalo kwetu limekaza maana na kuwa mavi ya wanyama yatiwayo shambani. Kwa hiyo Kiswahili cha zamani kilikuwa na mgawanyo mwema: rutuba ilitoka juu kwa maji, mbolea ilitoka chini kwa uozo, samadi ilitoka zizini. Wairaqw wa Mbulu, ambao katika karne ya 20 wengi wao walihamia Karatu wakitafuta ardhi, walijulikana tangu zamani kwa kulisha ng'ombe nyumbani na kuihifadhi samadi kwa ajili ya mashamba. Wao hawakungoja bwana shamba awafundishe.

Mgawanyo huo ulivunjwa na elimu ya kemia. Mwaka 1840 Justus von Liebig alichapisha kitabu chake juu ya kemia na kilimo, akishikilia kwamba mmea huhitaji madini, na kwamba kiasi cha mavuno huamuliwa na lile dini lililopungua kuliko yote, hata kama mengine yamejaa. Wazo hilo lilikuwa limetangulizwa na Carl Sprengel mwaka 1828. Wazungu hulifananisha na pipa la mbao lenye ubao mmoja mfupi. Sisi tusio na mapipa ya mbao tunaweza kulifananisha na mfereji wa Samunge: maji yatajaa mpaka pale ukingo ulipobomoka, na kuinua ukingo mahali pengine popote hakusaidii kitu. Mwaka 1842 John Bennet Lawes wa Uingereza alipata hataza ya kutengeneza mbolea ya fosfati kwa kutia asidi katika mifupa na mawe. Mwaka 1909 Fritz Haber alifaulu kuifunga naitrojeni ya hewani iwe amonia, na mwaka 1913 Carl Bosch akaifanya kazi hiyo ya kiwanda huko Oppau. Tangu hapo mbolea ikawa kitu ambacho hakikuoza, wala hakikutoka kwa mnyama, na neno letu likalazimika kubeba mzigo lisiozaliwa nao.

Elimu hiyo ilifika kwetu mapema. Wajerumani walianzisha kituo cha utafiti cha Amani, Usambara, mwaka 1902, na Waingereza wakakirithi. Mmoja wa wataalamu wa Amani, H. H. Storey, alishirikiana na R. Leach kuchunguza ugonjwa wa michai ya Nyasaland, ambayo sasa ni Malawi. Majani ya chai yaligeuka manjano na vichaka vikafa. Kwa kila dalili ulionekana kuwa ugonjwa wa kuambukiza. Mwaka 1933 walitangaza kwamba hapakuwa na mdudu wala kuvu: michai ilikosa salfa. Kisa hiki tunakitaja kwa sababu ya lugha. Katika Kiswahili cha kawaida mmea wenye majani ya manjano "unaumwa", na mkulima aliyeambiwa kwamba mmea wake unaumwa huenda kununua dawa ya kupulizia. Binadamu aliyekosa chakula tumemwekea neno lake, utapiamlo, naye hatumchanganyi na mgonjwa wa homa. Mmea hatujauwekea. Tunasema "upungufu wa zinki", na neno upungufu halina nguvu ya kumzuia mtu asiende kununua dawa.

Inafaa kuuliza Kiswahili kilikuwa na nini mkononi wakati elimu hiyo ilipoingia. Kilikuwa na vingi kuliko watafsiri wengi wanavyokumbuka. Kulikuwa na shura, yaani ile chumvi ya potasiamu na naitrojeni itumikayo katika baruti, ambayo ni mbolea bora kabisa. Kulikuwa na kiberiti, neno la Kiarabu lenye maana ya salfa, lililokuwapo kabla hakijatengenezwa kijiti cha kuwashia moto. Wazee bado husema kiberiti upele kwa ile ya manjano itibuyo ngozi. Kulikuwa na mrututu, zile fuwele za buluu za shaba. Kulikuwa na chokaa, na magadi, ambayo watu wa Natron na Eyasi hawana haja ya kufundishwa. Mtafsiri aliyeketi na maandishi ya Kiingereza mbele yake alitafuta jina la elementi, hakulikuta katika kamusi, akalitohoa. Kutohoa si kosa. Hatuwezi kuiita naitrojeni jina jingine, wala hatuwezi kuiita salfa kiberiti katika darasa ambamo kila mtoto anajua kiberiti ni cha kuwashia jiko. Lakini mrututu! Mpaka leo watafsiri huandika "salfeti ya shaba" mahali ambapo neno moja la Kiswahili lingetosha, na mkulima wa kahawa aliyezoea dawa za shaba angelielewa haraka.

Baada ya Uhuru kazi ya msamiati ilipata mwenyewe. Baraza la Kiswahili la Taifa liliundwa kwa Sheria Na. 27 ya mwaka 1967, na toka miaka ya 1970 likawa likitoa vijitabu vya Tafsiri Sanifu. Wakati huo huo kilimo kilikuwa kikihimizwa kwa kila njia. Tamko la Iringa la mwaka 1972 lilitangaza kwamba siasa ni kilimo. Mwaka huo kiwanda cha mbolea cha Tanga kilianza kazi. Na baada ya njaa ya 1973 na 1974 ikafuata kampeni ya kilimo cha kufa na kupona. Mbolea ya kiwandani ikapelekwa vijijini kwa malori, kwa bei iliyopunguzwa na Serikali. Haikungoja kamati ya istilahi.

Wakulima, wakiona chembe nyeupe, waliiita mbolea ya chumvichumvi. Sisi tunalistahi sana neno hili. Kurudufu kwake kunasema "kama chumvi lakini si chumvi", na mkemia naye angelikubali, kwa kuwa salfeti ya amonia ni chumvi kwa maana ya kikemia. Lakini lina hatari yake. Kando ya Natron, Manyara na Eyasi chumvi katika udongo ndiyo inayoua mimea, na mtu aliyezaliwa huko ana sababu njema ya kulitilia shaka gunia linaloitwa jina hilo. Majina mengine mawili ya wakulima na mabwana shamba yamefaulu zaidi: mbolea ya kupandia na mbolea ya kukuzia. Hayasemi mbolea imetengenezwa kwa nini, bali yasema itiwe lini, na hilo ndilo mkulima alilotaka kujua. Istilahi hizo hazikutungwa katika ofisi yoyote, nazo zimeishi kuliko nyingi zilizotungwa ofisini. Zimeishi hata kuliko kiwanda cha Tanga chenyewe, kilichofungwa mwaka 1991, na kuliko ruzuku ya wakati ule, ambayo iliondolewa katika miaka ya 1990, ikarudishwa kwa mfumo wa vocha mwaka 2008, na kwa mfumo mwingine tena mwaka 2022.

Hapo jirani ya Karatu, ng'ambo ya Ziwa Manyara, iko Minjingu, nayo inastahili kutajwa na kila mwalimu anayefundisha neno mbolea. Mawe yake ya fosfati, yaliyoanza kuchimbwa kiwandani mwaka 1983, hayakutoka katika volkano. Zamani ziwa lilipokuwa kubwa zaidi, Minjingu ilikuwa kisiwa, na juu yake walikaa ndege wa jamii ya mnandi kwa vizazi visivyohesabika. Kinyesi chao, mifupa yao na mifupa ya samaki waliowala ndivyo vilivyofanya jiwe hilo. Wenyeji wa Peru walikuwa na kitu cha namna hiyo katika visiwa vyao, nao wakakiita kwa neno la Kikechua lenye maana ya mavi, neno ambalo lugha za Ulaya zimelichukua kuwa guano. Kwa hiyo mbolea ya Minjingu, pamoja na mitambo yake yote, ni samadi.

Sasa tufike kwenye neno lililotufanya tuandike. Liebig na wenzake walijua naitrojeni, fosforasi, potasiamu na wenzi wao wachache, yaani vile vinavyohitajiwa kwa wingi. Kwamba mmea huhitaji pia vitu kwa kiasi kidogo mno lilikuwa jambo la kugunduliwa pole pole. Chuma kilitangulia, kwani Mfaransa Eusèbe Gris alionyesha katika miaka ya 1840 kwamba majani yaliyofifia hurudia ukijani yakipakwa chumvi za chuma. Kisha, baada ya kimya kirefu, zilifuata manganizi mwaka 1922, boroni mwaka 1923 kwa kazi ya Katherine Warington wa Rothamsted aliyeiotesha mibaazi ya Kizungu bila boroni na kuiona ikifa, zinki mwaka 1926, shaba mwaka 1931, molibdeni mwaka 1939 na klorini mwaka 1954. Mibaazi ya Kizungu, tukumbushe, ni ile ambayo wengine huita maharage mapana. Jina lake nalo lingehitaji makala yake.

Kiasi chenyewe ni cha kustaajabisha. Katika kila sehemu milioni moja za mmea mkavu wenye afya, kwa wastani sehemu 15,000 ni naitrojeni. Zinki ni sehemu 20 hivi, boroni nayo 20, shaba 6, na molibdeni ni moja ya kumi ya sehemu moja. Lakini mmea ulioikosa shaba hauzai. Katika mashamba ya ngano ya Njoro, katika Bonde la Ufa la Kenya, wataalamu walithibitisha katika miaka ya 1960 kwamba ngano iliyojikunja ncha na kutoa masuke matupu ilikuwa imekosa shaba, juu ya udongo wa volkano ambao kila mtu aliusifu kwa rutuba. Mbuni uliokosa boroni hufa ncha ya tawi, kisha huchipuza matawi mengi mafupi kama upepeo. Hindi lililokosa zinki hutoa jani changa jeupe. Tena katika udongo wa magadi, kama ule ulio mwingi katika Bonde la Ufa, chuma, zinki na manganizi huweza kuwapo udongoni na bado visiufikie mmea, kwa kuwa haviyeyuki. Na mkulima akimwaga fosfati nyingi kupita kiasi huweza yeye mwenyewe kuuzuia mmea usipate zinki.

Vitu hivyo vyote tumeviitaje? Katika vijitabu, mabango na vitabu vya shule tunakuta "virutubisho vidogo", "madini madogo", "chembechembe za madini", "virutubishi vidogovidogo" na mengineyo. Sisi wenyewe, na tukiri, tuliwahi kuandika "virutubisho vidogo" katika tafsiri iliyopita mikononi mwetu, wala hakuna aliyetukosoa, kwa sababu mtu anayejua Kiingereza huliona neno la Kiingereza nyuma yake na kuelewa. Mkulima hana neno la Kiingereza la kuliona. Yeye husikia vidogo.

Na kidogo katika Kiswahili ni nini? Mtoto ni mdogo, jambo dogo ni jambo lisilofaa kujadiliwa, makosa madogo husamehewa. Neno hilo hukadiria ukubwa na heshima kwa pamoja. Anayeambiwa kwamba zao lake linahitaji virutubisho vikubwa na vidogo, naye ana fedha za gunia moja tu, ataacha vidogo. Hiyo ndiyo hasara ya kwanza. Hasara ya pili ni kinyume chake na ni mbaya zaidi. Kitu kidogo hakidhuru: ndivyo neno linavyodokeza. Lakini kati ya boroni ya kutosha na boroni ya kuunguza pana nafasi nyembamba sana, na kiasi kilichofaa zao moja chaweza kuyaharibu maharage yatakayopandwa baadaye katika shamba lilo hilo. Mtu aliyeona kirutubisho ni "kidogo" atajaza kizibo cha pili, asiwe na wasiwasi. Udogo ambao wanasayansi waliukusudia si udogo wa kitu bali ni uchache wa kiasi kinachotakiwa, na Kiswahili kinazo njia wazi za kutenga mambo hayo mawili.

Wapo waliopendekeza haba, wakipendezwa na ufupi wake. Sisi hatukubaliani nao. Haba ni kile kisichopatikana cha kutosha, na mwandishi atajikuta siku moja akiandika juu ya "uhaba wa virutubishi haba", kisha itambidi aeleze kama ni uhaba wa kawaida au wa balaa. Madini nayo hayafai kusimama peke yake, maana fosforasi na potasiamu ni madini vilevile, na mwananchi wa Mirerani au Geita akisikia neno hilo fikira zake hazielekei kwenye mahindi. Njia iliyo wazi ni ndefu kidogo: virutubishi vya kiasi kidogo, na kwa upande wa pili virutubishi vya kiasi kikubwa. Ni maneno manne badala ya mawili. Watakaolalamikia urefu wake na wapime urefu wa majina ya wizara zetu.

Msomaji ameona pia kwamba tumeandika virutubishi wala si virutubisho. Yote mawili yamo katika matumizi, na watu wa lishe ya binadamu wamekuwa wakiyatumia kwa kubadilishana. Lakini sarufi yetu imetupa tofauti ambayo ni hasara kuitupa. Kiishio -i humwonyesha mtenda, kama katika mtumishi na mwandishi. Kiishio -o huonyesha chombo au tokeo la tendo, kama katika kifuniko na pambo. Basi kirutubishi kiwe ile elementi yenyewe inayoulisha mmea, mathalani zinki, na kirutubisho kiwe kile kitu tunachotia ili kuongeza elementi hiyo, mathalani mrututu kwa ajili ya shaba. Kwa mgawanyo huo mtafsiri ataweza kusema katika sentensi moja kwamba kirutubisho hiki kina virutubishi vitatu, wala asilazimike kuzunguka.

Liko pia tatizo la mbolea ya majani. Kwa wengine ni mbolea ya maji inayopuliziwa juu ya majani. Kwa wengine ni majani mabichi yanayofukiwa ardhini yaoze. Mambo haya mawili hayana uhusiano, na tumeona maandishi ambamo yametajwa katika ukurasa mmoja kwa jina moja. Kwa la pili tuna majina mazuri ya kutosha, yaani mbolea ya majani mabichi, na baada ya kuoza, mboji au mbolea vunde. La kwanza liitwe mbolea ya kupulizia majani, ili liungane na ndugu zake wawili, mbolea ya kupandia na mbolea ya kukuzia, ambao tumesema tunawastahi. Madukani huitwa busta. Neno hilo hatuna haja ya kulipiga vita, ila tu lisiingie katika maandishi ya Serikali, kwa kuwa humficha mnunuzi jambo moja alilo na haki ya kulijua, nalo ni kirutubishi gani kimo ndani ya chupa. Mmea uliokosa zinki haupati nafuu kwa busta yenye boroni.

Juu ya gunia la mbolea ya Minjingu iliyochanganywa kwa ajili ya mazao ya chakula huandikwa kwamba, pamoja na naitrojeni na fosfati, mna salfa, zinki, shaba na boroni, kila kimoja na asilimia yake. Boroni huwa ya mwisho, kwa tarakimu inayoanza na sufuri. Mwalimu anaweza kulichukua gunia tupu la namna hiyo darasani likamfaa kuliko ubao, akiwauliza wanafunzi kwa nini tarakimu ile haikuongezwa. Vitabu vya shule, hata hivyo, vitamletea taabu moja ya hesabu. Mwaka 1987 ilithibitishwa kwamba mimea huhitaji nikeli pia, na hivyo virutubishi vya kiasi kidogo vikawa vinane, na virutubishi vyote pamoja, ukihesabu kaboni, haidrojeni na oksijeni, vikawa 17. Vitabu vilivyochapishwa kabla ya hapo husema 16, na baadhi ya vilivyonakiliwa kutoka kwavyo bado husema hivyo. Mwenye kitabu cha namna hiyo aongeze nikeli kwa kalamu.